Barua kwa mwanangu: redio isiyofika Kasulu

Marahaba mwanangu,

Ujumbe wako nimeusoma mara mbili. Unasema huko Dar es Salaam ukiwaambia wenzako kwamba mama yako alikuwa mtangazaji, wanauliza wa redio gani, na ukiitaja wanacheka. Ndipo ukaniuliza: "Mama, miaka 16 kwenye redio isiyosikika hata Kasulu, hukuona unapoteza muda?"

Tuanze na hiyo Kasulu, maana imeniuma kidogo. Redio Tanzania tuliyokua nayo ilikuwa na masafa mafupi, mawimbi yanayopanda hadi juu angani kisha yakarudishwa chini, mbali kabisa. Ndiyo maana babu yako alipata taarifa ya habari ya saa mbili usiku akiwa Heru Juu, na redio yake ya mkulima ikiwa imefungwa kwa mpira. FM, kama redio yetu ya Kigoma, haina uwezo huo. Inakwenda moja kwa moja, ikikuta mlima imekwisha. Na kati ya Kigoma na Kasulu kuna nini kama si vilima?

Ziwani Tanganyika hakuna kilima. Huko ndiko walikokuwa watu wangu. Giza likiingia wavuvi wa dagaa wanawasha taa na kutoka, na mbalamwezi ikiwaka wanabaki nyumbani kwa sababu dagaa hawafuati taa. Basi wasikilizaji wangu wa usiku niliwahesabu kwa mwezi. Ukiwa mpevu, simu ya studio inanyamaza, naongea na fundi mitambo tu. Usiku wa giza, salamu haziishi, nyingine kutoka ng'ambo ya Kongo. Mshahara sitauzungumzia, ada zako za shule unazikumbuka zilivyokuwa zinachelewa.

Kilichotuingizia hela ya mafuta ya jenereta ni matangazo ya vifo. Wewe ulikuwa unaona aibu, nakumbuka, wenzako shuleni wakikuita mtoto wa mama misiba. Sasa nikusimulie jambo ambalo sikukwambia wakati ule, ulikuwa mdogo.

Mwaka wangu wa pili kazini, kijana alileta karatasi jioni. Jina la marehemu, basi, na "wa Ujiji". Nikasoma kwa sauti yangu ya msiba: habari ziwafikie ndugu, jamaa na marafiki popote walipo. Kumbe Ujiji jina lile walikuwa nalo wazee wawili, na mmoja alikuwa majini anavua. Kwake watu wakaanza kulia. Majirani wakaleta turubai, wanawake wakapika, shemeji zake wakapanda lori usiku huohuo kutoka Uvinza. Alfajiri mwenyewe anarudi na ndoo ya dagaa, anakuta jamvi limetandikwa uani kwake.

Saa tatu alikuwa mlangoni kwetu. Hakupiga kelele. Alisema, "Nimekuja kumwona aliyeniua." Nilipiga magoti, mwanangu, mbele ya meneja na kila mtu. Akanitazama, akaniambia kwa Kiha niinuke, kisha akadai gharama ya mchele uliopikwa. Nililipa kwa miezi miwili.

Tangu siku hiyo sikusoma jina la mtu bila kuuliza: mtoto wa nani, mtaa gani, kazi yake nini, nani ametuma. Mtangazaji wa Dar hawezi kuuliza hivyo, nchi nzima ataijulia wapi? Mimi niliweza. Mwanga, Gungu, Katonga, Bangwe, nilikuwa najua hata nyumba.

Na ilikuja kufaa. Mei 2015 wakimbizi wa Burundi walipojazana Kagunga, kijiji cha mpakani ambako wakati ule njia kubwa ilikuwa ziwa, meli ya Liemba ikawa inawaleta mjini na wengine wakapokelewa uwanja wa Lake Tanganyika. Kipindupindu kikaingia. Muziki tuliuweka kando: chemsheni maji, naweni mikono, anayeharisha apewe maji ya chumvi na sukari huku mkimkimbiza kwa daktari. Halafu majina ya watoto waliopotezana na mama zao. Hewani ni Kiswahili tu, leseni haikuturuhusu Kiha wala Kirundi, lakini mtu akija mlangoni Kiha na Kirundi vinasikilizana. Kila jina nililiuliza vilevile. Mtoto wa nani? Mlima gani ulikotoka? Maana Mrundi kwao hukutaja kwa mlima. Wengine walipatana na wengine sijui.

Yule mzee wa Ujiji tulikuja kuwa marafiki. Tukikutana sokoni Mwanga ananiambia, "Bado nipo, usinitangaze." Mwaka jana wanawe walikuja hapa nyumbani, ingawa nilishastaafu. Walisema baba yao aliacha neno kwamba tangazo lake nilisome mimi, na meneja wa sasa akakubali.

Nilichukua kalamu. Nikawauliza mtoto wa nani, mtaa gani. Mkubwa wao akacheka huku analia, akajibu yote.

Mama yako