Mshairi muulizeni kwanza nani aliubadili ubeti

Mhariri, swali lenu la wiki hii, eti mshairi akiajiriwa kuwa afisa uhusiano kipaji chake kinanufaika au kinaharibika, limenigusa pabaya. Mi nimelelewa na mtu wa namna hiyo, ba'mdogo wangu, afisa uhusiano wa shirika la umma mchana na malenga usiku, na najua kabisa wengi watajibu kwa neno moja tu siku hizi: chawa, yaani msifiaji wa kulipwa. Basi ngoja niwahi.

La kipaji sitalijibu maana kipaji cha mtu sijui mnakipimaje. Mi najibu lile ambalo naona ndo mlikuwa mnalizunguka, kwamba mtu akilipwa kusema, akija kusema bila kulipwa tumwamini?

Na msimamo wangu ni kwamba ndio, tumwamini, kwa sababu malenga gani wetu hakuwa msemaji wa mtu? Muyaka, malenga wa Mombasa ya zamani, aliwasemea Wamazrui waliokuwa wakiutawala mji dhidi ya sultani Seyyid Said mpaka basi, mji wenyewe ukaja kuangukia mikononi mwa Seyyid 1837, na bado ukimsoma leo unakuta mapenzi, njaa, mambo ya nyumbani, mtu mzima kabisa mule. Mambo Leo lilikuwa gazeti la serikali ya mkoloni tangu 1923 na humohumo wazee wetu walikuwa wanatupiana mashairi. Mshairi Mnyampala na ngonjera zake, yale mashairi ya kujibizana, si ilikuwa kazi ya kulieleza Azimio la Arusha la ujamaa kwa wananchi, Mwalimu Nyerere mwenyewe aliwaita washairi 1968 akawaomba, wakatoka pale wakaenda kuandika. Sisi tuliosoma shule za msingi za serikali tumezikariri juani tukimsubiri mgeni rasmi aliyechelewa, nani hajui. Kwa hiyo hii habari ya kushangaa mshairi kuwa na mwajiri naona ni ugeni tu.

Sasa ba'mdogo. Kazi yake ilikuwa kupokea wageni, kuandika hotuba za meneja mkuu, taarifa kwa magazeti, jarida la shirika, na mwisho wa mwaka kugawa kalenda (hapo ndo ukoo mzima ulikuwa unamkumbuka). Jioni anakaa kibarazani na daftari la kaunta buku anahesabu mizani, yaani silabi za kila mstari, kwa vidole, mashairi yake yakitoka gazetini kwa lakabu, na ofisini nusu ya watu hawakujua kuwa ni yeye.

Miaka ya 90 ikaja na ubinafsishaji wake. Shirika likaambiwa lipunguze watu, na uongozi ukaamua pawe na hafla ya kuwaaga, turubai, soda, pilau, vyeti vya utumishi vyenye fremu. Ba'mdogo akaambiwa aandae taarifa ya magazeti, hotuba ya meneja, na shairi la kusomwa kwa niaba ya wafanyakazi. Yaani mtu mmoja awasemee wanaofukuza na wanaofukuzwa, siku moja, turubai moja! Nilikuwa likizo, nikaenda naye ofisini nimbebee makaratasi, nikakaa kwenye benchi nje ya chumba cha taipu. Shairi lilikuwa la beti saba na la sita nalikumbuka mpaka leo kwa sababu nilibaki na nakala ya kaboni:

Mashine tuliilisha, mikono ikachubuka,
Zamu zote tulikesha, usingizi ukachoka,
Leo mnatukumbusha, kwamba muda umefika,
Asante mmetuvisha, mifuko haijashika.

Maana kiinua mgongo kilikuwa hakijalipwa, hiyo kila mtu alijua. Karatasi ikaingia kwa bosi, ikakaa, ikatoka imezungushiwa wino mwekundu ubeti wa sita wote, pembeni pameandikwa "ondoa". Nikadhani atarudi ndani kubishana, kwa sababu nyumbani huyu mtu alikuwa anabishana na redio. Hakurudi. Alikaa pale kwenye benchi pembeni yangu, akatoa kalamu, akahesabu vidole mara moja tu, akakata nusu ya mstari wa mwisho na kuandika juu yake "nyoyo zimefarijika". Mizani nane kwa nane, kina kimekaa, hata fundi wa kutafuta makosa asingelipata. Akairudisha ndani, bosi akapitisha, mchapaji akapiga upya.

Siku ya hafla akausoma kwa sauti ile yake ya kuimba, watu wakapiga makofi, wamama wa idara ya ufungashaji wakafuta machozi, mgeni rasmi akaomba nakala. Jarida la shirika likalichapa ukurasa wa nyuma. Nyoyo zimefarijika. Nilikuwa namwangalia mzee mmoja wa stoo, amekaa na cheti chake cha fremu magotini, hapigi makofi wala hafanyi lolote, anakunywa soda polepole tu.

Nilipoanza kuandika nilitaka kuitumia hadithi hii kumtetea, kwamba jamani angalieni ufundi, sekunde chache mtu kaokoa ubeti uliokuwa unafutwa. Lakini nikiutazama hapa nilivyouchapa, hapana. Afadhali ungefutwa. Ubeti ukifutwa watu wanapungukiwa mistari minne basi, ila pale mistari mitatu ya kweli ilitumika kuubeba uongo wa nusu mstari ukafika salama masikioni mwa wenyewe. Afisa uhusiano wa kawaida, asiyejua vina, angeandika sentensi kavu na kila mtu angejua ni maneno ya ofisi. Wale waliuamini kwa sababu aliyeuandika alikuwa mshairi. Hapo ndo napata tabu.

Halafu mtaniambia mbona Abdilatif Abdalla, yule mshairi wa Kenya, aliweza. Ndio, aliuliza Kenya inaenda wapi, akafungwa 1969 mpaka 1972, akaandikia mashairi kwenye karatasi za chooni, na yalipotoka kitabu, Sauti ya Dhiki, kikapewa 1974 tuzo yenye jina la Jomo Kenyatta, rais yuleyule aliyemfunga. Sio kila mtu ana kifua hicho, na ba'mdogo alikuwa na watoto nyumbani mmojawapo mimi, ada yangu ilitoka kwenye mshahara ule ule, kwa hiyo mi wa kumhukumu ni nani. Japo naona ndo ninachofanya.

Na kuna hili nalo. Baada ya hafla wale waliopunguzwa walianza kuja nyumbani jioni, mmoja mmoja, wanaomba waandikiwe barua za madai. Akaandika. Miaka akaandika, huku bado ameajiriwa palepale, kaboni mbili, nakala kwa afisa kazi, nakala kwa chama cha wafanyakazi, Kiswahili kimenyooka hakuna shikamoo nyingi, namba za sheria zimekaa mahali pake. Huo ujuzi wa kujua barua ipi ofisini itasomwa na ipi itatupwa aliupata kwenye hiyo hiyo kazi ya uhusiano. Wengine walilipwa. Wengine walikufa wanasubiri. Yeye gazetini hakutuma shairi tena baada ya mwaka ule, na nikimuuliza alikuwa anasema macho yanamsumbua.

Kwa hiyo jibu langu, kama mnalazimisha: kazi ile ilimharibu mshairi, ndio, na ilimtengeneza mwandishi wa barua ambaye mtaa ulimhitaji zaidi, ingawa nahisi wale wa barua wangejibu tofauti na mi niliyemzoea na daftari lake la mashairi. Siamini tena nilichosema pale juu kuhusu Muyaka, au tuseme naamini nusu, maana Muyaka hakuwasemea Wamazrui na maadui zao turubai moja.

Ila hawa wa sasa wanaopangiwa sifa za kuimba kabla ya hafla na kulipwa kwa simu kabla maiki haijazimwa, hao siwatetei, na msije mkaniwekea ba'mdogo kwenye picha moja nao.