Setilaiti ya kwanza ya nchi ndogo: redio kwanza, kamera baadaye

Nimekaa kwenye timu ya vijana waliokuwa wanajenga setilaiti ya kwanza ya nchi yao, mimi nikiwa upande wa redio, na sasa wengine wananiuliza waanzie wapi, basi naandika hapa mara moja tuishie hapo.

Kwanza malizeni ule ubishi wa "ni yetu kweli au mmenunua?" maana hauishi, unakula vikao tu. Kile kiboksi cha setilaiti cha sentimita 10 kila upande, kinaitwa CubeSat, saizi iliyobuniwa 1999 na vyuo viwili vya California, siku hizi kinauzwa vipande vipande, fremu, betri, paneli za sola, hadi redio. Kununua sio aibu. Kenya kwa setilaiti yao 1KUNS-PF walishirikiana na Waitaliano na Wajapani, Mauritius MIR-SAT1 yao ilipita mikononi mwa kampuni ya Scotland, na Guatemala kazi kubwa ya Quetzal-1 wakaifanya wenyewe chuoni kwao. Cha kujiuliza ni ujuzi gani utabaki kwenu. Mimi ningenunua betri, kwa sababu masharti ya usalama ya betri za lithiamu kwenye ISS, kile kituo cha kimataifa cha anga za juu ambako setilaiti ndogo kama hizi hutolewa, ni makali kwelikweli, halafu programu ya kompyuta ya ndani ningeiandika mwenyewe mwanzo mwisho.

Sasa kamera. Kila mtu anataka picha ya nchi kutoka juu, viongozi ndo usiseme. Ila pigeni hesabu kwanza: setilaiti iliyotolewa ISS iko kama kilomita 400 juu, inazunguka dunia kwa dakika 90 na kidogo, na ikipita kwenu mnaiona dakika 10 hivi, tena hapo imepita vizuri. Kwa redio ya spidi ya biti 1200 kwa sekunde, dakika 10 kamili bila kupoteza hata herufi moja zinakupa kilobaiti 90 tu! Picha moja ya simu inazidi hapo mara nyingi sana. Na ukiwa husikii kitu kabisa, kamera nzuri ya nini?

Kwa hiyo jengeni kituo cha ardhini kabla ya setilaiti yenyewe. Sio lazima kiwe cha gharama, antena unaweza kuitengeneza hata kwa tepu ya chuma ya fundi, ile ya kupimia, na mkaanza kusikiliza setilaiti za wenzenu zinazopita juu. Hapo mtajifunza mambo ambayo hayaingii kichwani kwa kusoma, mfano kwenye megahezi 437 masafa ya redio yanahama karibu kilohezi 10 juu wakati setilaiti inakuja, halafu chini wakati inaondoka, na msipoyafuata mtabaki na kelele tu.

Makaratasi ya masafa nayo, jamani, anzeni mapema. Ukitumia masafa ya wapenzi wa redio unapitia IARU, umoja wa kimataifa wa hao wapenzi wa redio, na taarifa kwenda ITU, shirika la mawasiliano la Umoja wa Mataifa, inapelekwa na mamlaka ya mawasiliano ya nchi yenu, ambayo pengine haijawahi kushughulikia faili la setilaiti hata siku moja. Nendeni mkakae nao, mpelekeeni ofisa mhusika hesabu zenu, msisubiri barua ijijibu.

Kitu kingine kinachoua hizi setilaiti ni antena kutofunguka. Huwa imekunjwa na kufungwa kwa uzi wa nailoni, na kama nusu saa baada ya kutolewa, waya wa moto unaukata ule uzi. Mezani inafunguka vizuri tu, kila mtu anapiga makofi. Ijaribuni kwenye baridi kali, kwenye chumba kisicho na hewa, betri ikiwa imeshuka, rudieni hadi mchoke. Na kompyuta iweze kujizima na kujiwasha yenyewe ikiganda, mionzi ya huko juu haina adabu.

Mwisho, watu. Kutoka kimo hicho setilaiti inashuka na kuungua baada ya mwaka mmoja au miwili hivi, na wanafunzi walioijenga wengi wanakuwa wameshahitimu na kutawanyika. Ingizeni wa mwaka wa kwanza mapema, wapeni zamu za kituo cha ardhini ikiwa bado inaruka, na wanaoondoka wasikabidhiwe vyeti kabla hawajaandika walichokifanya kwenye kila bodi ya saketi.