Mjomba, binamu atamuuzia nani tiketi?

Shikamoo mjomba. Umeniuliza kama naweza kumtafutia binamu nafasi ya ndondi huku Scotland, kwa kuwa ana mwili na mmemwona Martin Bakole kwenye televisheni. Nakujibu bila kuficha.

Bakole si hadithi. Ni mtoto wa Kananga, Kongo, na kambi iliyomnoa iko Airdrie, si mbali na Glasgow. Agosti 2024 alimmaliza Jared Anderson raundi ya 5 huko Los Angeles, Mmarekani ambaye alikuwa hajapigwa na mtu. Hapo ndipo wengi wenu mlipomjua. Lakini mwaka 2018 alishapigwa na Michael Hunter kule London, na baada ya hapo ilikuwa kusubiri simu. Bondia wa uzito wa juu mwenye ngumi nzito na jina dogo anakwepwa na kila meneja: ukimshinda hupati sifa, akikushinda umeharibika. Simu ikija, ujue ni ya dharura. Februari 2025 Daniel Dubois, aliyekuwa apigane na Joseph Parker, aliugua, Bakole akaitwa Riyadh azibe nafasi yake zikiwa zimebaki siku mbili. Alipanda mzani na zaidi ya kilo 140, raundi ya 2 Parker akammaliza. Watu walimcheka kitambi. Mimi sikucheka, nani angeikataa simu ile?

Sasa binamu. Huku bondia mchanga anaishi kwa tiketi. Promota anampa bunda, aliuze mwenyewe kwa ndugu, kwa aliosoma nao, kwa wenzake wa kazini. Asipouza hapati pambano, au anawekwa kona ya wageni, apigane na kijana wa promota ambaye ukumbi mzima umekuja kumwona akishinda. (Hata Bakole alikuwa mgeni: Mfaransa Tony Yoka alimfuata kwao Paris akamshinda, Anderson vilevile kwao Marekani.) Nimemwona kijana, mikono imeshafungwa bendeji, anamwomba kocha amshikie simu sikioni amdai mtu pesa za tiketi mbili. Na huyo ni mzaliwa wa hapa. Binamu atamuuzia nani? Sisi wabeba boksi wa ghalani? Jumamosi usiku wote tuko zamu.

Na kwenye hicho kidogo anacholipwa, kocha kwa desturi anakata asilimia 10, meneja naye ana fungu lake. Bado kuna picha ya ubongo na vipimo vya damu. Bila hivyo hakuna leseni.

Akitaka kweli, apigane ridhaa hukohuko kwanza, atafute jezi ya taifa. Mashindano ya kimataifa ya ridhaa yanatazamwa na mapromota, na promota akikutaka, nauli anatoa yeye. Kwa hiyo huyo wakala anayetaka mtangulize hela ya mkataba, nitumie namba yake kabla hamjamlipa chochote. Na shangazi asiuze kile kiwanja.