Usiufiche Mkono Wako Siku ya Kupimwa

Nikikimbia, mkono wangu wa kulia hujikunja wenyewe hadi kifuani. Ndivyo nilivyozaliwa, mtindio wa ubongo ulishika upande mmoja, mkono na mguu. Kocha wangu wa kwanza alinifundisha kuunyoosha ili nisionekane tofauti na wenzangu. Nilijikaza misimu miwili mizima. Kila mbio za mita 100, nikifika mita 60 nimeishiwa.

Mdogo wangu unayeanza, kabla hujawaza viatu vya miiba, fikiria kupimwa ulemavu wako na kupangiwa kundi la kushindana katika riadha ya walemavu. Sisi wenye mtindio wa ubongo tunaokimbia kwa miguu tuko makundi yanayoitwa T35 hadi T38. T35 wameathirika zaidi, T38 kidogo zaidi. Mimi ni T37, ambako wengi wetu tumeguswa upande mmoja. Wapimaji watakukunja viungo kusikia ugumu wa misuli, watakuambia utembee, uruke, ukimbie, halafu watakutazama tena ukiwa mashindanoni. Usijikaze uonekane mzima. Wala usijilegeze: ukigundulika umedanganya makusudi, unafungiwa.

Karatasi za hospitali zitafute mapema, miezi kadhaa kabla ya safari. Yangu ya kwanza iliandikwa "udhaifu wa mguu" tu, ubongo haukutajwa popote. Kwa hiyo nilikaa jukwaani nikitazama shindano ambalo nilikuwa nimelifanyia mazoezi mwaka mzima. Bado linaniuma. Mzazi, soma cheti cha mwanao neno kwa neno kabla hujatoka kwa daktari, na uulize: chanzo kimeandikwa?

Uliza pia kundi lako lina mbio zipi kwenye Paralimpiki, maana si kila kundi hupewa kila umbali. Unaweza kujifua kwa mita 200 miaka minne kisha usiikute kwenye ratiba. Na usijifungie kwenye mbio peke yake. Samson Ojuka wa Kenya, naye wa T37, alitwaa fedha ya kuruka chini Paris 2024. Siku ile nililia kama mtoto. Nick Mayhugh wa Marekani, aliyekimbia mita 100 za T37 kwa sekunde 10.95 katika Michezo ya Tokyo, alitokea kwenye soka.

Mazoezini, baridi na uchovu ndivyo vinavyotukakamaza. Asubuhi za baridi mimi hupasha mwili dakika 40, na mguu wa kulia ukianza kuburuta vidole nasimama, hata kama kocha ameandika raundi mbili zaidi. Ukilazimisha, unajikwaa. Kuanza mbio ukiwa umeinama si lazima kwetu, kanuni zinaruhusu kusimama. Nilianza hivyo, mguu wa kushoto mbele, hadi nyonga ya kulia ilipopata nguvu ya kunisukuma kutoka chini. Viatu nanunua jozi mbili za namba tofauti, kwa sababu mguu wa kulia ni mdogo. Ni gharama, najua, kwa hiyo mtafute mwenzako mwenye miguu kinyume na yako mgawane.

Kocha niliye naye sasa, wiki ya kwanza tu, aliniambia: "Huo mkono uache ujikunje." Msimu ule nilipunguza karibu nusu sekunde.