Jibu: Ayalandi ilifilisikaje na deni lilikuwa dogo?
Mkuu, ni kweli mwaka 2007 deni la serikali ya Ayalandi lilikuwa kama robo tu ya pato la taifa. Bomu lilikuwa kwenye mabenki. Ukuaji wa miaka ya 1990 haukuwa wa uongo: viwanda vya Wamarekani, kodi ndogo ya makampuni, mauzo ya nje. Walipoingia kwenye euro riba ikashuka, mabenki yakakopa nje na kumwaga hela kwenye nyumba na viwanja. Hazina nayo ikanogewa na kodi za majengo. Bei za nyumba zikaporomoka, mabenki yakayumba, na Septemba 2008 serikali ikadhamini karibu madeni yote ya mabenki makubwa, hata Anglo Irish, benki iliyokuwa imekopesha sana wajenzi! Kwa maoni yangu hapo ndipo walipojimaliza, maana hasara za mabenki zikawa mzigo wa serikali. Novemba 2010 wakapiga hodi IMF (Shirika la Fedha la Kimataifa) na Umoja wa Ulaya, wakapata mpango wa kuokolewa wa euro bilioni 85. Vijana wakaanza tena kuhama.