Maji yameshuka, wazee wanataka kurudi kwenye tembe

Poleni sana kwa mafuriko, nyie mnaolala madarasani na hasa mliopoteza mtu. Umeuliza kama wazee warudi kwenye tembe, nyumba za udongo zenye paa bapa la udongo, sasa mto Kinyasungwe ukiwa umeshuka, mfanyeje na mtama uliolowa, na ndugu ambaye hajaonekana.

Kulala kwenye nyumba hizo, bado. Ukuta wa tofali mbichi unaweza kuanguka siku kadhaa baada ya maji kuondoka, maana chini umelainika na juu mzigo ni uleule. Tembe ndiyo ya kuogopa zaidi: udongo wa paa wenye unene wa sentimita 20 ukilowa unapita kilo 300 kwa kila mita ya mraba, na nguzo zimesimama kwenye tope. Mkiwa nje, chora mstari wa mkaa pale ufa unapoishia, kisha ning'iniza jiwe kwa uzi kando ya ukuta. Angalieni asubuhi na jioni. Ufa ukivuka mstari, au ukuta ukiachana na uzi, hakuna kuingia hata kuchukua sufuria.

Mtama unauma, jasho la msimu mzima. Lakini uliolowa ukakaa siku mbili tatu kwenye kihenge msiuanike mkaula. Ukungu unaacha sumukuvu, na kupika hakuiondoi. Msipikie pombe, msiwape kuku. Mwaka 2016 sumukuvu iliua watu Dodoma na Manyara. Ule wa juu ambao maji hayakuufikia utengeni leo leo, uanikwe kwenye turubai mpaka punje ikitafunwa ivunjike kwa mlio.

Maji ya kunywa: yaacheni yatuame, chujeni kwa kanga iliyokunjwa, chemsheni mpaka yatokote vizuri.

Kuhusu ndugu yenu, andikeni nguo alizovaa, kovu, na mahali alipoonekana mwisho. Nakala iende kwa mtendaji, polisi, hospitali, na vijiji vya chini mpaka upande wa Kilosa, kwa kuwa maji haya huingia mto Mkondoa. Matanga bila mwili yanawezekana, ila kauli iwe ya mama yake au mkewe, si ya wanaoleta rambirambi.

Watoto wanaoshtuka mvua ikigonga bati walale wameshikwa na mtu wao. Na wazee wapeni kazi hapo shuleni, hata kusimamia foleni ya maji. Mzee asiye na la kufanya ndiye anayetoroka usiku kwenda kuangalia tembe.