Paka wa Mwaloni ana mimba tena: msimpeleke Kisesa

Dada, nimelielewa swali lako hivi: Chausiku, paka wa banda lenu la chakula pale Mwaloni Kirumba, soko la samaki la Mwanza, ana mimba ya tatu ndani ya mwaka. Wapakiaji wanampenda, jirani wa meza ya pili kachoka naye, na wengi wameafikiana atiwe kwenye kiroba akaachwe Kisesa, nje ya mji. Mimi nasema msifanye hivyo. Mfungeni kizazi, kisha arudi palepale.

Wahenga walisema paka akiondoka panya hutawala. Pale Mwaloni kwanza watatawala paka wengine. Paka wa soko anafuata chakula na maficho, na vyote hivyo vitabaki akishaondoka: matumbo ya samaki, dagaa waliomwagika, uvungu wa meza, upenyo kati ya magunia. Hazitapita wiki nyingi atahamia mwingine msiyemjua, hajachanjwa, na naye atazaa. Chausiku mwenyewe atafukuzwa na paka wenyeji wa Kisesa, au ataanza kurudi kwa miguu, na barabara ya Musoma haina huruma.

Mimba tatu kwa mwaka si ajabu. Joto la paka jike, yaani hamu ya kupandwa, huamshwa na urefu wa mchana, ndiyo maana paka wa nchi za baridi hupumzika miezi yenye mchana mfupi. Sisi tuko jirani na ikweta, mchana ni karibu saa 12 mwaka mzima, hivyo hana msimu wa kupumzika. Mimba huchukua siku 63 hadi 67. Anaweza kushika nyingine angali ananyonyesha, na mwanawe wa kike anaweza kushika akiwa na miezi 4 au 5. Usisubiri "akue kwanza".

Mpindue kidogo akiwa ametulia umtazame chuchu. Kuanzia wiki ya 3 huwa za waridi na zimesimama. Tumbo huonekana wazi wiki ya 5. Kama bado ni mapema, daktari wa mifugo anaweza kumfunga na mimba yake. Ikiwa tumbo limeshashuka na watoto wanacheza ndani, aachwe azae, afungwe watoto wakifikisha wiki 6 hadi 8. Uamuzi huo ni wa daktari, ila mwulize mambo mawili kabla hujalipa: atashona kwa nyuzi zinazoyeyuka? Na atamkata ncha ya sikio la kushoto akiwa bado kwenye usingizi? Nyuzi za kutoa ni kosa kwa paka wa soko kwa sababu baada ya siku 10 humkamati tena. Sikio lililokatwa ncha kwa mstari ulionyooka, kama sentimita 1, ni alama inayojulikana duniani kwamba huyu ameshafungwa. Waeleze majirani, wasije wakadhani kuna mtu amemkata kwa ukatili.

Sasa kumkamata, na hapa ndipo wengi huharibu. Kiroba hapana. Hakipitishi hewa vizuri, paka anapagawa, na kucha zinapita hadi kwenye paja la mwenye bodaboda. Kwa paka anayeshikika kama Chausiku, chukua tenga la plastiki la kubebea kuku, lile la mlango juu. Tandika gazeti, mwingize kwa kutanguliza makalio, funga mlango kwa waya sehemu mbili, kisha lifunike lote kwa kanga. Gizani paka hutulia. Usiku wa kuamkia upasuaji asile chochote baada ya saa 4. Maji aendelee kunywa mpaka alfajiri. Akila, anaweza kutapika akiwa kwenye dawa ya usingizi na matapishi yakaingia kwenye mapafu. Huyo mtu wa "kipande kimoja tu cha sato" ndiye wa kuangaliwa siku hiyo.

Msimsahau yule paka shume anayempa mimba. Huyo hashikiki, anahitaji mtego wa kasha. Fundi wa kuchomelea anautengeneza kwa wavu wa chuma: urefu sentimita 80, upana 30, kimo 35. Kibao cha kukanyaga kikae mwisho kabisa, vinginevyo mlango utamwangukia mgongoni na hutamwona tena. Mlango uwe na komeo linalojifunga lenyewe, maana paka huuinua kwa kichwa. Tandika kadibodi sakafuni. Hapendi waya chini ya nyayo. Halafu chagua siku. Wavuvi wa dagaa wanavua kwa taa, na mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti dagaa, mitumbwi mingi inabaki nchi kavu. Siku hizo chanja zinakuwa tupu na paka wote wa Mwaloni wana njaa. Tega siku ya pili au ya tatu ya mbalamwezi, jioni wachuuzi wakishafunga, kwa kichwa cha samaki wa kukaanga. Ukitega wakati dagaa wamejaa mchangani, utaamka na mtego mtupu.

Mbalamwezi hiyohiyo ndiyo chanzo cha ugomvi wenu na jirani, nadhani. Paka aliyezoea kuokota mchangani akikosa, anapanda mezani. Tarehe hizo mwongezee chakula yeye, usiongeze fimbo.

Kuhusu chakula, msidhani anayeishi sokoni ameshiba vizuri. Samaki mbichi wengine, hasa wa jamii ya dagaa, wana kimeng'enya kinachoharibu vitamini B1. Paka akila hivyo tu kwa muda mrefu huanza kuyumba, kichwa kinainama, mwisho degedege. Moto hukiua kimeng'enya hicho, kwa hiyo chemsha dakika 10 bila chumvi, kitunguu wala pilipili. Kukausha juani si kupika. Mafuta mengi ya samaki kila siku nayo yana madhara: mafuta ya mwilini huvimba na kuuma, paka anakataa kuguswa mgongoni. Paka wa kilo 3 hadi 4 anatosheka na gramu 150 hadi 200 za minofu iliyochemshwa kwa siku, nusu asubuhi, nusu jioni. Mara mbili kwa wiki badilisha kwa moyo wa kuku na kijiko kimoja cha ini. Ini lisizidi hapo. Maziwa msimpe, wengi huharisha. Kiweke chakula nyuma ya banda, mbali na masufuria, na baada ya dakika 20 ondoa mabaki; ukiyaacha unalisha panya na makorongo.

Na panya wenyewe? Tuseme ukweli: Chausiku anawamudu wadogo, wale wanaotoboa magunia ya dagaa. Panya buku wa kilo na ushei hamgusi, na ana akili. Kwa buku zibeni mashimo. Mtu akiweka sumu ya panya, paka anaweza kufa naye kwa kula panya aliyelewa. Sumu nyingi huzuia damu kuganda, dalili huja baada ya siku kadhaa: fizi nyeupe, damu puani, uchovu. Hapo ni daktari siku hiyohiyo, si maziwa. Na mtu asimpe panadoli hata robo kidonge, inamuua paka.

Akiwa kwa daktari achomwe pia chanjo ya kichaa cha mbwa, irudiwe kila mwaka, na kadi ikae bandani. Mtu akiumwa au kuparuliwa na paka yeyote, aoshe jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15, kisha hospitali siku hiyohiyo. Asipake kitu kingine.

Baada ya upasuaji akae ndani ya tenga saa 48, pakavu, mbali na michirizi ya maji ya samaki. Kidonda kikinuka, kikitoa usaha au asipokula kwa siku nzima, mrudishe.

Ikiwa atazaa kwanza, mwekee boksi la kadibodi lenye matambara, juu ya kreti, chini ya paa, kwa sababu mwewe na korongo wa pale hawachagui. Mtoto huzaliwa na gramu 100 hivi na anatakiwa kuongeza kama 10 kila siku. Mizani ya dagaa haiwezi kupima hizo, tumia ile ndogo ya viungo. Asiyeongezeka siku mbili mfululizo huenda anasukumwa na wenzake, mpeleke kwenye chuchu za nyuma. Usiwagawe kabla ya wiki 8, na uanze kutafuta wachukuaji mapema kwa wenye maghala ya nafaka. Wao hawakatai.